Fimbo Jikoni

Tangu jana jioni mfupa umelala majini.
Nimeyabadilisha maji mara tatu
kwa sababu daktari wa kliniki aliandika CHUMVI
akaikata kwa mstari mwekundu
mpaka karatasi ikatoboka.

Baba ameketi mlangoni, kiti cha plastiki,
mkono wa kulia umelala pajani
kama mgeni aliyepitiwa na usingizi.
Miaka thelathini na mmoja alipika hotelini mjini,
na kila Desemba, sherehe za wenyewe zikiisha,
alirudi Maringo na mfupa wa hemu
umefungwa gazeti, gazeti limelowa mafuta,
ukurasa wa mbele unasomeka kwa nyuma.

Kipimo hakuandika hata siku moja.
“Maharagwe,” alisema, “chemsha
mpaka yasahau kuwa yalikuwa mbegu.”
Na karafuu ni moja tu. Ya pili ni kiburi.

Sasa hasemi. Ana fimbo.
Akigonga mara moja: acha kukoroga, unayaponda.
Mara mbili: maji.
Mara tatu: we Wakesho, umelala?

Nimechambua rosekoko kwenye sinia:
jiwe moja, uzi wa gunia,
na harage lenye tundu, mdudu keshahama.
Kitunguu kimeiva kikawa rangi ya shaba.
Nikautia mfupa. Ukaimba kidogo, ukanyamaza.
Nyumba nzima ikanuka Desemba
na leo ni tarehe tisa Julai,
baridi ya Nairobi imekaa kwenye mabati
kama mdai.

Pembeni, kwenye msumari wake peke yake,
ipo sufuria ndogo ya Bi Rukiya.
Ina mwiko wake, ina kifuniko chake,
haijawahi kuguswa na nguruwe
tangu mama yangu alipoinunua,
akamwita jirani aje aione ikiwa bado na karatasi ya dukani.
Humo napika yake: rosekoko zile zile, tui la nazi,
bila mfupa.

Saa saba na robo mwali wa gesi ukageuka njano,
ukakohoa, ukafa.
Nikautikisa mtungi: mwepesi
kama ahadi ya mwenye nyumba.
Baba akagonga mara tatu.
“Sijalala, Baba. Gesi ndiyo imelala.”

Makaa tulikuwa hatuna.
Bi Rukiya alikuwa uani akichoma chapati.
Nikasimama na jiko letu tupu mkononi,
maneno yamenikwama kama mfupa wenyewe:
utamwombaje mtu moto wake
ukapikie usichokula yeye?

Hakuniangalia. Aligeuza chapati kwanza.
“Unaona haya ya nini? Kaa la moto lina dini?
Lete hilo jiko. Ila koleo langu
lisiguse sufuria yako.”
Akachagua makaa mekundu, moja moja,
kama anayechagua embe kwa mgonjwa.

Sufuria yake ikatangulia, ikashuka.
Yetu ikafuata. Maharagwe yakasahau.
Nikachota mchuzi ule mzito, nikaupikia pishori,
nikafunika, makaa mawili juu ya kifuniko,
nikanyunyua nyama kwenye mfupa kwa vidole
huku nikiungua na kulamba, kulamba na kuungua.

Tukala watatu mlangoni, sufuria mbili, moto mmoja.
Nikamlisha Baba kijiko cha kwanza.
Akatafuna polepole, upande wa kushoto,
macho ameyafumba,
nami nikangoja kama mwanafunzi wa hotelini.

Akagonga mara mbili.
“Maji? Wali umeshaiva, Baba.”
Akatikisa kichwa.
Fimbo ikainuka, ikitetemeka, ikapita juu ya kichwa changu,
ikaelekea kwenye rafu,
kwenye kopo la chumvi.

Nikamtazama Bi Rukiya.
Bi Rukiya akaanza kuhesabu nguo zake kambani.

Nikampa punje tatu.
Nilizihesabu mbele yake.
Alidai ya nne.